Lapchick aliuza jasho, hakuuza mechi

Dirisha la usajili likifunguliwa, stori za vijiweni huwa ni zile zile. Fulani kachukua milioni ngapi, fulani kaikimbia timu iliyomlea, fulani hana mapenzi na jezi, anaangalia mkwanja tu. Mchezaji aliyekuwa kipenzi cha Jangwani Ijumaa anageuka msaliti ikifika Jumatatu, kisa kaonekana Msimbazi. Matusi yanamiminika, jezi zenye jina lake zinatupwa, halafu maisha yanaendelea.

Wakati kelele hizo zikipigwa, usaliti wa kweli unapita kimya kimya mlango wa nyuma. Ni ule wa mchezaji, mwamuzi au kiongozi anayepokea bahasha ili matokeo yawe kama alivyoagizwa. Huyo hahami timu. Anabaki na jezi ile ile, anabusu nembo ile ile, na shabiki aliyekata tiketi kwa jasho lake anamshangilia.

Tofauti kati ya watu hao wawili inaonekana wazi katika maisha ya Joe Lapchick. Hakuwa mwanasoka. Alikuwa Mmarekani aliyecheza mpira wa kikapu wa kulipwa wakati mchezo huo ukiwa bado mchanga, kisha akawa kocha mpaka akiwa na miaka 65. Lakini mambo aliyoyapitia, kuanzia pesa, mikataba, ubaguzi hadi kamari, shabiki wa soka atayatambua mara moja.

ANAYELIPA ZAIDI NDIYE BOSI

Lapchick alizaliwa Yonkers, jirani na jiji la New York, Aprili 12, 1900, mtoto wa wahamiaji kutoka Bohemia, eneo ambalo leo lipo Jamhuri ya Czech. Mpira wa kikapu wenyewe ulikuwa na miaka minane tu, tangu James Naismith alipoubuni mwishoni mwa mwaka 1891 kule Springfield, Massachusetts. Nyumbani hakukuwa na cha ziada. Sekondari hakufika, akaingia mapema kwenye kazi za mikono. Alichojaliwa ni urefu, kama mita 1.96, na kwa zama zile alikuwa kama mnazi katikati ya migomba.

Urefu huo ulikuwa mtaji. Mpaka mwaka 1937, kila kikapu kilipofungwa mpira ulirudishwa katikati, mwamuzi akaurusha juu, na masenta wawili wakarukiana kuugombea. Leo timu iliyofungwa ndiyo inayoanza na mpira. Wakati ule timu yenye senta hodari iliweza kufunga, ikaupata mpira, ikafunga tena, wapinzani wakibaki kutazama. Senta alikuwa kama kipa na mshambuliaji kwa pamoja: bila yeye hakuna mechi.

Viwanja vyenyewe vilikuwa balaa. Mechi zilichezwa kwenye kumbi za dansi na majengo ya jeshi, na mara nyingi uwanja ulizungushiwa wavu wa waya au kamba ili mpira usitoke nje. Mchezaji alibamizwa kwenye wavu huo kama ng'ombe zizini, akarudi nyumbani na michubuko mgongoni. Mashabiki walikaa karibu kabisa, na wengine hawakuja kwa wema.

Katika mazingira hayo, mkataba wa msimu mzima lilikuwa jambo geni. Mchezaji alilipwa kwa mechi. Lapchick alichezea timu kadhaa kwa wakati mmoja katika ligi tofauti, na mameneja wawili walipomtaka usiku mmoja, alikwenda kwa aliyetoa zaidi. Ni sawa na mtu achezee Simba Jumamosi, Azam Jumatano, Yanga Jumapili, na asiwepo wa kumuuliza. Mwenzako wa leo ndiye mpinzani wako wa kesho.

Kwa macho ya shabiki wa vijiweni, huyo ni msaliti wa kuchomewa jezi. Ukweli ni kwamba alikuwa kibarua anayejua thamani ya kazi yake. Bei yake ilijulikana, kila aliyelipa alimwona akitoa jasho, na hakuna timu iliyomlipa ikalalamika kwamba alicheza chini ya kiwango ili wengine wanufaike. Aliuza muda wake na nguvu zake. Matokeo hayakuwa sehemu ya biashara.

MKATABA ULIZAA MFUMO

Mwaka 1923 Lapchick alijiunga na Original Celtics ya New York, ambayo haihusiani na Boston Celtics iliyoanzishwa mwaka 1946. Mmiliki wake, Jim Furey, alifanya kitu ambacho leo ni cha kawaida lakini wakati ule kilitikisa mchezo: aliwafunga wachezaji kwa mikataba ya kuchezea timu yake peke yake, kwa mshahara wa uhakika.

Faida haikuwa ya mfukoni tu. Kwa sababu Nat Holman, Johnny Beckman, Dutch Dehnert, Pete Barry na Lapchick walicheza pamoja karibu kila usiku, walizoeana hadi kufahamiana kwa jicho. Walibadilishana watu wa kukaba bila kupeana maelekezo. Walimweka Dehnert mbele ya kikapu akiwa amelipa goli mgongo, wakampasia, na wenzake wakapita pembeni yake kuupokea tena. Mbinu ambazo makocha wa kikapu wanazifundisha hadi leo zilikomaa kwenye timu hiyo. Kocha wa soka anayebadilishiwa kikosi kila baada ya miezi sita anaelewa jambo hili vizuri kuliko mtu yeyote: huwezi kujenga mfumo kwa watu wanaopita.

Celtics waliingia American Basketball League mwaka 1926, wakabeba ubingwa wa 1927 na 1928. Walikuwa wanashinda mno, kiasi kwamba ligi ikaamua kuivunja timu na kugawa wachezaji wake. Lapchick, Dehnert na Barry wakapelekwa Cleveland Rosenblums. Matokeo? Cleveland ikawa bingwa 1929 na 1930. Kisha mdororo mkubwa wa uchumi ukaifunga ligi yenyewe mwaka 1931, na Lapchick akaikusanya upya Celtics, akazunguka nayo mji hadi mji akiwa mchezaji na msimamizi, huku mwimbaji maarufu Kate Smith akiwasaidia kifedha.

KUMBATIO LILILOWAKERA WENGI

Hasimu mkubwa wa Celtics alikuwa New York Renaissance, maarufu kama Rens, timu ya Wamarekani weusi iliyoanzishwa Harlem mwaka 1923 na Bob Douglas. Hao jamaa walikuwa moto. Msimu wa 1932 hadi 1933 walishinda mechi 88 mfululizo, na mwaka 1939 wakatwaa taji la kwanza la mashindano ya dunia ya timu za kulipwa, yaliyofanyika Chicago. Pamoja na yote hayo, ligi ya wazungu haikuwa na nafasi kwao. Safarini hoteli na migahawa mingi iliwafungia milango, mara nyingine wakala na kulala ndani ya basi lao.

Celtics na Rens walipokutana, kumbi zilifurika na hali ya hewa ilichafuka. Ilitokea mechi kuishia kwenye vurugu za rangi. Katika mazingira hayo Lapchick alijijengea utaratibu: kabla ya mpira kurushwa, badala ya kumpa mkono senta wa Rens, Charles "Tarzan" Cooper, alimkumbatia mbele ya umati wote. Kwa leo ni salamu ya kawaida kabisa. Kwa Marekani ya wakati ule ilikuwa kujitafutia maadui.

Gharama yenyewe aliilipa baadaye. Mwaka 1950, akiwa kocha wa New York Knicks, klabu hiyo ilimchukua Nat "Sweetwater" Clifton kutoka Harlem Globetrotters. Clifton, Chuck Cooper wa Boston na Earl Lloyd wa Washington ndio waliovunja ukuta wa rangi katika NBA msimu huo. Mtoto wa Lapchick, Richard, ameeleza mara nyingi jinsi alivyochungulia dirishani akiwa na miaka mitano, akaona sanamu la baba yake limening'inizwa kwenye mti nje ya nyumba yao Yonkers, na simu zilivyopigwa usiku kumtukana.

Richard hakusahau. Alipokua akawa miongoni mwa Wamarekani walioongoza kampeni ya kuitenga Afrika Kusini ya makaburu kimichezo. Ni vita ile ile ambayo Tanzania iliigharamia mwaka 1976, iliposusia Olimpiki ya Montreal pamoja na nchi nyingi za Afrika, na Filbert Bayi, aliyekuwa anashikilia rekodi ya dunia ya mita 1,500, akakosa nafasi ya kukimbia.

KOCHA ASIYE NA CHETI

Mwaka 1936 chuo cha St. John's, New York, kilimpa timu mtu ambaye hakuwa amekanyaga hata sekondari. Alijifunza kazi akiwa kazini. Mwaka 1943 na 1944 akachukua NIT mara mbili mfululizo, mashindano ya vyuo yaliyochezwa Madison Square Garden na ambayo wakati huo yalikuwa na hadhi kubwa. Fainali ya 1944 aliwafunga DePaul waliokuwa na George Mikan, jitu lililokuja kutawala kikapu cha Marekani.

Knicks wakamchukua mwaka 1947. Aliwafikisha fainali ya NBA mara tatu mfululizo, 1951, 1952 na 1953, na mara zote tatu akatoka mikono mitupu. Ile ya 1951 dhidi ya Rochester Royals inauma mpaka leo: Knicks walifungwa mechi tatu za kwanza, wakashinda tatu zilizofuata, wakapoteza ya saba kwa pointi 79 kwa 75. Presha ya benchi ilimla afya, na Januari 1956 akaachia ngazi.

Rekodi hizo ni nzuri, ila wapo makocha wenye vikombe vingi zaidi yake. Kinachomfanya Lapchick astahili kukumbukwa na watu wa mpira ni kile kilichotokea mjini kwake wakati akiwa Knicks.

WALIAMBIWA WASHINDE KIDOGO

Mwaka 1950 City College ya New York ilitwaa NIT na ubingwa wa NCAA katika msimu mmoja, jambo ambalo halijarudiwa na chuo chochote. Kocha wake alikuwa Nat Holman, yule yule mwenzake Lapchick wa Celtics. Jiji lilizizima. Mwaka mmoja baadaye, Februari 1951, wachezaji wa timu hiyo wakaanza kukamatwa.

Kashfa iliibuka mwezi mmoja kabla, pale Junius Kellogg, senta wa Manhattan College, alipopewa ofa ya dola 1,000 ili aharibu mechi. Kijana akaenda moja kwa moja kwa kocha wake, kocha akawafikisha polisi. Uzi ukaanza kufumuka. Ulipoisha, wachezaji zaidi ya 30 kutoka vyuo saba walikuwa wametajwa.

Namna walivyofanya ndiyo ya kuzingatia. Wengi hawakuombwa wafungwe. Wacheza kamari walibeti kwa tofauti ya pointi: timu fulani itashinda kwa pointi 10 au zaidi. Mchezaji aliombwa tu kuhakikisha ushindi unakuwa wa pointi sita au saba. Timu inashinda, shabiki anaimba, kocha anapongezwa, na mwizi kashapita na pesa. Vijana waliambiwa, na wakaamini, kwamba hakuna anayeumia.

Anayebeti leo kwenye simu anaielewa lugha hiyo bila mkalimani. Siku hizi mkeka haujazwi kwa mshindi peke yake. Kuna idadi ya mabao, kona, kadi za njano, nani atafunga kipindi cha pili. Maana yake ni kwamba mtu anaweza kuiba ndani ya mechi bila kubadilisha mshindi. Beki mmoja anayecheza rafu ya kizembe dakika ya 20 anatosha.

Kuna jambo jingine ambalo New York ilijifunza kwa uchungu. Vijana wale waliijaza Madison Square Garden, ukumbi wa watu 18,000. Ukumbi uliingiza pesa, vyuo viliingiza pesa, wacheza kamari waliingiza pesa. Wao, kwa kanuni za ridhaa, hawakutakiwa kupata kitu. Aliyewafikia na bahasha alikuwa mtu wa kwanza kuwaambia kwamba kazi yao ina thamani. Hilo haliwasafishi, maana Kellogg naye hakuwa tajiri na alikataa. Lakini linaeleza kwa nini mlango ulikuwa wazi.

Hapo ndipo miaka ya ujana ya Lapchick inapopata maana. Yeye alilipwa hadharani. Alibishana bei mchana kweupe, akasaini, akacheza. Mtu anayelipwa hadharani ana kitu cha kupoteza.

DAFTARI LA KOCHA

Pesa peke yake, hata hivyo, si kinga. Mwaka 1954 Jack Molinas, mchezaji wa NBA mwenye mkataba halali na Fort Wayne Pistons, alifungiwa kwa kubeti kwenye mechi za timu yake mwenyewe. Alikuwa analipwa, na bado alitaka zaidi.

Lapchick alilijua hilo. Kashfa ilipolipuka, alikata habari zake kwenye magazeti na kuzibandika kwenye daftari. Aliporudi St. John's mwaka 1956 daftari hilo likawa sehemu ya mazoezi. Kila mchezaji alipewa alisome: majina, picha za vijana wenye pingu, hukumu, ndoto za NBA zilizokufa. Akimaliza, anaweka saini kwamba amesoma.

Hakuwahubiria kuhusu uaminifu. Aliwaonyesha vijana wa mitaa ile ile, waliocheza kwenye ukumbi ule ule wanaochezea wao, na mwisho wao. Mahubiri husahaulika kwenye basi la kurudi nyumbani. Sura ya mtu unayemfahamu, akiwa katikati ya askari wawili, haisahauliki.

Daftari halikumaliza tatizo Marekani. Mwaka 1961 kashfa nyingine kubwa ya vyuo iliibuka, na Molinas alikuwa kinara wake. Lakini hakuna mchezaji wa Lapchick aliyeweza kusema hakujua.

Mwaka 1965 kanuni ya chuo ikamlazimisha kustaafu kwa kufikisha miaka 65. Vijana wake wakamuaga kwa kutwaa NIT, wakiifunga Villanova 55 kwa 51 pale pale Garden, taji lake la nne la mashindano hayo baada ya lile la 1959. Mwaka uliofuata aliingizwa kwenye ukumbi wa mashujaa wa kikapu. Alifariki Agosti 10, 1970.

SOKA LINA CHA KUJIFUNZA

Hadithi hii si ya mbali. Mwaka 2016 TFF ilizishusha timu nne za Ligi Daraja la Kwanza kwa upangaji wa matokeo. Mwaka 2020 FIFA iliwafungia wachezaji waliokuwa Ligi Kuu ya Kenya kwa kosa hilo hilo. Nembo za kampuni za kubashiri zimekaa vifuani mwa jezi za vigogo wa Kariakoo tangu 2017. Pesa hiyo imesaidia klabu, na hakuna haja ya kuilaani. Lakini pale penye kubeti kwingi, wa kununua mechi nao huja kutafuta bei.

Kinga ya kwanza ni mshahara unaolipwa kwa wakati. Klabu inayomkalisha mchezaji miezi mitatu bila senti, kisha inamtaka awe mzalendo, inamwandalia mteja yule mwenye bahasha. Mchezaji anayedai haki yake, au anayehama kufuata mkataba bora, asiitwe msaliti. Anafanya alichofanya Lapchick.

Kinga ya pili ni daftari. Timu za vijana na akademi zinafundisha kukaba na kupiga pasi, lakini ni wangapi kati ya vijana hao wanaoonyeshwa kesi halisi, zenye majina na adhabu, kabla hawajasaini mkataba wa kwanza? Kazi hiyo haihitaji bajeti. Inahitaji gundi, mkasi na kocha mwenye muda.

Kinga ya tatu ni kumlinda anayesema. Kellogg alisema, na kocha wake hakumwambia anyamaze asije akaichafua timu. Mchezaji wa daraja la chini anayefuatwa na mtu wa bahasha anatakiwa ajue ni nani wa kumpigia, na awe na uhakika kwamba kesho hatakuwa yeye ndiye anayekaa benchi.

Shabiki naye ana sehemu yake. Hasira anazozimwaga kwa aliyehama zingefanya kazi kubwa kama zingeelekezwa kwa anayeuza. Anayehama anaichukua miguu yake, ambayo ni mali yake, anaipeleka anakolipwa. Anayeuza mechi anachukua kitu ambacho si chake. Ni cha aliyelipa kiingilio, aliyepanda daladala tatu kufika uwanjani, na aliyelia timu ilipofungwa akidhani imefungwa kweli.